Vilianza kwa sala, vikaishia mikononi mwa majambazi: Vita vya Marekani dhidi ya baa

DESEMBA 24, 1873, kundi la wanawake lilitoka kanisani katika mji mdogo wa Hillsboro, jimbo la Ohio nchini Marekani, likiwa limejipanga wawili wawili. Hawakuwa wakielekea nyumbani kuandaa mapochopocho ya Krismasi. Walikuwa wakienda kwa wauza pombe.

Aliyewaongoza alikuwa Eliza Thompson, mama wa miaka 57, bintiye gavana wa zamani wa jimbo hilo na mkewe jaji. Usiku uliotangulia, daktari mmoja kwa jina Dio Lewis alikuwa amehutubu mjini humo na kusimulia jinsi mamake mzazi, aliyeteswa na ulevi wa mumewe, alivyowaendea wauza pombe pamoja na wenzake, akawasihi na kusali mbele yao hadi wakafunga biashara.

Wanawake wa Hillsboro waliamua kufanya vivyo hivyo. Waliingia katika baa moja baada ya nyingine, wakapiga magoti sakafuni, wakaimba na kusali, kisha wakamtaka mwenye baa atie sahihi ahadi ya kuacha kuuza pombe. Walipofungiwa mlango, walisalia nje kwenye baridi kali wakiendelea kuimba.

Kufikia katikati ya mwaka uliofuata, maandamano hayo yalikuwa yameenea hadi mamia ya miji na vijiji. Wauza pombe wengi walifunga, wengine wakamwaga mapipa yao barabarani. Hata hivyo, wengi walifungua tena milango miezi michache baadaye, pindi tu akina mama waliporejea makwao.

Miaka 45 baada ya Krismasi hiyo, marufuku ya pombe iliingizwa kwenye katiba ya Marekani. Na baada ya karibu miaka 14 ya kutekelezwa, marufuku hiyo ikafutwa. Ni vipi taifa zima lilifikia uamuzi wa kufunga kila baa, na kwa nini uamuzi huo ukabatilishwa?

Taifa lililokunywa kupindukia

Ili kuelewa hasira ya wanawake wale, ni muhimu kurejea nyuma hadi mwanzoni mwa karne ya 19. Wakati huo wakulima wa maeneo ya bara walikuwa na nafaka tele lakini barabara zilikuwa mbovu. Kusafirisha magunia ya mahindi hadi pwani kulikuwa ghali kuliko thamani ya mahindi yenyewe. Njia rahisi ilikuwa kuyageuza mahindi hayo kuwa wiski, ambayo haiozi na hubebeka kwa urahisi.

Wiski ikawa rahisi kiasi kwamba hata kibarua angeweza kuinunua kila siku. Vibarua walipewa kipimo chao kazini, na hapakuwa na harusi, mazishi wala uchaguzi usiokuwa na pombe. Wanahistoria wanakadiria kuwa kufikia mwaka wa 1830, kila Mmarekani wa umri wa miaka 15 na zaidi alikunywa, kwa wastani, takriban lita 26 za alkoholi halisi kwa mwaka. Kiasi hicho ni karibu mara tatu ya kinachonywewa nchini humo siku hizi.

Miongoni mwa waliotoa onyo la mapema ni Benjamin Rush, daktari wa Philadelphia na mmoja wa waliotia sahihi Azimio la Uhuru wa Marekani. Katika miaka ya 1780 alichapisha kijitabu kilichoeleza madhara ya pombe kali mwilini na akilini. Rush hakuipinga bia wala divai. Adui wake alikuwa pombe kali pekee.

Mnamo 1826 Chama cha Marekani cha Kupinga Ulevi kiliundwa mjini Boston, kikiungwa mkono na wahubiri kama vile Lyman Beecher. Silaha yake kuu ilikuwa kiapo. Mtu alisimama mbele ya wenzake na kuahidi kuiacha pombe kali. Katika muda wa miaka kumi hivi, zaidi ya watu milioni moja walikuwa wamekula kiapo hicho, na kiwango cha unywaji kikashuka mno.

Kisha mnamo 1840, walevi sita wa Baltimore waliokuwa wakinywa pamoja waliamua kuacha na kuwasaidia walevi wengine kuacha. Kundi lao lilijulikana kama Washingtonian. Badala ya kuhubiriwa, mlevi alimsikiliza mlevi mwenzake aliyepona.

Kutoka kiapo hadi sheria

Waliokuwa wakiendesha harakati hizi walianza kujiuliza: Je, kuna faida gani kumwapisha mnywaji ilhali mwuzaji anamsubiri nje ya mlango? Ndipo vita vikageuka. Adui hakuwa tena mnywaji, bali biashara.

Aliyeongoza mageuzi hayo alikuwa Neal Dow, meya wa mji wa Portland, jimbo la Maine. Mnamo 1851 alishawishi jimbo hilo kupitisha sheria iliyopiga marufuku utengenezaji na uuzaji wa vileo. Kufikia 1855, majimbo mengine yapatayo 12 yalikuwa yamefuata mkondo huo.

Lakini Juni 2, 1855, wakazi wa Portland waligundua kuwa shehena ya pombe ilikuwa imehifadhiwa katika jengo la serikali ya mji. Ilikuwa ya matumizi ya dawa na viwanda, lakini taratibu za kuinunua hazikuwa zimefuatwa sawasawa. Umati uliojaa ghadhabu ulikusanyika, Dow akaamuru askari wafyatue risasi, na mtu mmoja akauawa. Mwaka uliofuata sheria ya Maine ikafutwa, ingawa ilirejeshwa baadaye. Majimbo mengine pia yalilegeza kamba, na vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1861 hadi 1865 vikalisahaulisha taifa suala hilo.

Serikali kuu nayo ilijikuta katika hali ngumu. Ili kulipia vita hivyo, ilianzisha ushuru wa vileo mnamo 1862. Ushuru huo ulibakia hata baada ya vita, na katika baadhi ya miaka ulichangia karibu theluthi moja ya mapato yake. Serikali inayokula kutoka kwa pipa la bia haiwezi kulipasua kwa urahisi.

Baa ilikuwa nini hasa?

Baada ya vita, mamilioni ya wahamiaji walimiminika Marekani kutoka Ulaya. Wajerumani walikuja na ufundi wa kutengeneza bia. Idadi ya baa ilipanda kutoka takriban 100,000 mwaka wa 1870 hadi karibu 300,000 kufikia mwaka wa 1900.

Kwa mfanyakazi aliyeishi katika chumba kimoja na familia yake, baa ilikuwa kama sebule. Humo alipata joto, magazeti, habari za kazi na watu waliozungumza lugha yake. Angeweza kubadilisha hundi ya mshahara hapo, hata kupokelea barua. Tena alipewa chakula cha mchana bila malipo, mradi anunue kinywaji. Chakula chenyewe kilitiwa chumvi nyingi makusudi ili kiu isiishe.

Baa nyingi hazikumilikiwa na yule aliyesimama nyuma ya kaunta. Kampuni za bia zililipa ada ya leseni, zikanunua meza, vioo na bilauri, na kwa malipo ya hayo mwenye baa aliuza bia ya kampuni hiyo pekee. Kila kampuni ilipotaka tawi lake, baa zilirundikana katika mtaa mmoja. Ushindani ukawa mkali, na baadhi ya wenye baa wakaanza kuuza kwa watoto, kuendesha kamari na kuhifadhi ukahaba chumba cha nyuma. Wanasiasa nao walinunua kura humo kwa bilauri ya bia.

Aliyeumia zaidi alikuwa mtu ambaye hakuwa akiingia baa. Kwa sehemu kubwa ya karne ya 19, mwanamke aliyeolewa Marekani hakuwa na haki kamili juu ya mali wala mshahara wake mwenyewe. Katika majimbo mengi talaka ilikuwa vigumu kuipata, na iwapo ingepatikana, angeweza kunyang'anywa watoto. Hakuwa na kura. Ikiwa mume aliumaliza mshahara wa wiki kwenye baa kisha akarejea nyumbani na kumpiga, hapakuwa na afisi ya kumsaidia. Ndiyo maana wanawake wa Hillsboro walipiga magoti. Hawakuwa na silaha nyingine.

Willard na Nation

Mnamo Novemba 1874, wanawake kutoka majimbo mbalimbali walikutana mjini Cleveland, Ohio, na kuunda Muungano wa Wanawake Wakristo wa Kupinga Ulevi. Ulikua hadi ukawa chama kikubwa zaidi cha wanawake nchini humo, na alama yake ilikuwa utepe mweupe.

Frances Willard, aliyekuwa mwalimu, aliuongoza tangu 1879 hadi alipofariki 1898. Aligundua kuwa ulevi haukusimama peke yake. Chini ya uongozi wake, muungano huo ulitetea pia siku fupi ya kazi, shule za chekechea, marekebisho ya magereza na kulindwa kwa wasichana dhidi ya unajisi. Zaidi ya yote, ulidai kura. Hoja ya Willard ilikuwa rahisi: mwanamke hawezi kuilinda nyumba yake ikiwa hana sauti katika kuchagua wanaotoa leseni za baa.

Si wote walioridhika na mijadala. Huko Kansas, jimbo lililokuwa limepiga marufuku pombe katika katiba yake tangu 1880, baa ziliendelea kufanya kazi mchana kweupe huku maafisa wakipokea hongo. Carry Nation, ambaye mumewe wa kwanza alikuwa daktari aliyeangamizwa na ulevi, alichoka kusubiri. Mnamo Juni 1900 aliingia katika baa za mji wa Kiowa akiwa na mawe na kuvunjavunja chupa na vioo. Baadaye aliyaacha mawe akachukua kishoka.

Nation alikamatwa takriban mara 30. Faini zake alizilipa kwa ada za mihadhara na kwa kuuza vishoka vidogo vya ukumbusho. Magazeti yalimfanyia dhihaka na wanaume wakamwita mwendawazimu. Lakini swali lake lilikuwa gumu kujibu: iwapo baa hizo zilikuwa haramu kwa mujibu wa sheria, ni nani hasa aliyekuwa akivunja sheria?

Jeshi la swali moja

Yaliyoshindikana kwa sala na kishoka yalikuja kufaulu kwa hesabu za kura. Mnamo 1893, mhubiri Howard Russell aliunda Ligi ya Kupinga Baa mjini Oberlin, Ohio. Miaka miwili baadaye ikawa chama cha kitaifa.

Ligi hiyo haikujishughulisha na siku fupi ya kazi wala magereza. Ilimwuliza mwanasiasa swali moja tu: utapigaje kura kuhusu pombe? Hata kama yeye mwenyewe alikuwa mlevi, mradi alipiga kura ipasavyo, aliungwa mkono. Aliyekataa, wafuasi wa ligi walimpigia mpinzani wake.

Fundi wa mbinu hiyo alikuwa wakili Wayne Wheeler, ambaye utotoni alidungwa mguuni kwa uma wa nyasi na mfanyakazi mlevi katika shamba la babake. Mnamo 1905 ligi ilimwangusha gavana wa Ohio, Myron Herrick, aliyekuwa amechaguliwa kwa kura nyingi. Wanasiasa kote nchini walipata funzo.

Mambo mawili yaliifungulia ligi njia. Kwanza, mnamo 1913 katiba ilirekebishwa kuruhusu serikali kuu kutoza ushuru wa mapato, kwa hivyo haikuhitaji tena fedha za pombe kama awali. Pili, mnamo Aprili 1917 Marekani iliingia katika vita dhidi ya Ujerumani. Wamiliki wengi wa viwanda vya bia walikuwa na majina ya Kijerumani kama vile Pabst, Schlitz na Busch. Ghafla, kunywa bia kukaonyeshwa kuwa kumsaidia adui, na nafaka ikasemekana kuhitajika kuwalisha askari.

Harakati hizo zilikuwa na doa pia. Katika majimbo ya kusini, wanasiasa Wazungu walizichochea kwa kuwatia watu hofu kuhusu Mtu Mweusi mlevi. Kaskazini, chuki ilielekezwa kwa wahamiaji Wakatoliki na Wayahudi. Kundi la Ku Klux Klan, lililofufuliwa mnamo 1915, liliiunga mkono marufuku kwa sababu hizo hizo.

Bunge la Congress lilipitisha marekebisho ya 18 ya katiba mnamo Desemba 1917. Januari 16, 1919, Nebraska likawa jimbo la 36 kuyaidhinisha, na idadi iliyohitajika ikatimia. Marufuku ilianza kutekelezwa Januari 17, 1920. Siku iliyotangulia, mhubiri Billy Sunday alifanya mazishi ya mzaha ya pombe mjini Norfolk, Virginia, jeneza likibebwa mbele ya maelfu ya watu.

Tembo lilipotiwa maji

Waswahili husema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Wapiga kura wengi waliounga mkono marufuku walidhani inalenga baa na pombe kali. Lakini sheria ya utekelezaji, iliyopewa jina la mbunge Andrew Volstead, ilitaja kileo kuwa kinywaji chochote chenye zaidi ya nusu asilimia ya alkoholi. Bia nyepesi na divai zikaingia kwenye wavu huo huo. Rais Woodrow Wilson alikataa kuitia sahihi, lakini wabunge wakampuuza na kuipitisha Oktoba 1919.

Sheria hiyo haikuharamisha kunywa, bali kutengeneza, kusafirisha na kuuza. Aliyenunua akiba yake mapema aliruhusiwa kuinywa nyumbani. Matajiri walijaza ghala, huku mfanyakazi akifungiwa baa yake ya mtaani. Madaktari waliruhusiwa kuandika wiski kama dawa, na idadi ya waliohitaji dawa hiyo ikaongezeka kwa namna ya kushangaza.

Serikali iliajiri maajenti wapatao 1,500 kulinda nchi nzima yenye maelfu ya kilomita za mipaka na fuo. Wengi walilipwa mishahara duni na hongo ikawa tamu. Baa za mafichoni zilichipuka katika kila mji. Mjini Chicago, genge la Al Capone lilitajirika kwa kuuza bia na kuua washindani. Februari 14, 1929, watu saba walipangwa ukutani katika gereji moja ya jiji hilo na kumiminiwa risasi. Capone hakuwahi kutiwa hatiani kwa mauaji. Alifungwa kwa kukwepa ushuru, mnamo 1931.

Wanyonge walikunywa sumu. Pombe ya viwandani ilitiwa methanoli kwa amri ya serikali ili isinyweke, lakini wahalifu waliiiba na kuiuza. Walioinywa walipofuka au kufa. Mnamo 1930, dawa ya tangawizi iliyochanganywa na kemikali na kuuzwa kama kileo iliwapoozesha miguu maelfu ya watu, wengi wao maskini.

Hata hivyo, si kweli kwamba marufuku haikupunguza ulevi. Vifo vya wanaume kutokana na ugonjwa wa ini vilishuka kutoka 29.5 kwa kila watu 100,000 mwaka wa 1911 hadi 10.7 mwaka wa 1929. Unywaji ulishuka sana katika miaka ya kwanza, na hata baada ya marufuku kuondolewa ilichukua miongo kadhaa kabla ya kurejea viwango vya awali. Kilichoshindwa hakikuwa nia ya kupunguza ulevi, bali imani kuwa sheria moja ingeumaliza.

Wanawake waifuta

Waliochangia pakubwa kuizika marufuku hiyo walikuwa wanawake vilevile. Pauline Sabin, mwanamke tajiri wa New York na kigogo wa chama cha Republican, alikuwa ameiunga mkono akiamini ingewafaa wanawe wawili. Baada ya kushuhudia vijana wakikua wakiidharau sheria, alibadili msimamo. Mnamo Mei 1929 aliunda chama cha wanawake cha kupigania mageuzi ya marufuku, na katika miaka michache kikadai kuwa na zaidi ya wanachama milioni moja. Hoja yake ilikuwa ile ile ya Willard: kulinda nyumba.

Mwaka huo huo uchumi uliporomoka. Mamilioni walipoteza kazi, na serikali ikahitaji ushuru. Franklin Roosevelt alichaguliwa rais mwaka wa 1932 akiahidi kuiondoa marufuku. Aprili 7, 1933, bia nyepesi iliruhusiwa. Desemba 5 mwaka huo, Utah lilikuwa jimbo la 36 kuidhinisha marekebisho ya 21, yaliyoyafuta yale ya 18. Hayo ndiyo marekebisho pekee ya katiba ya Marekani kuwahi kufutwa.

Baa ya zamani haikurejea. Majimbo yalipewa mamlaka ya kudhibiti pombe, na mengi yakazuia viwanda vya bia kumiliki baa, yakaweka saa za kuuza na umri wa kununua. Jimbo la Mississippi lilidumisha marufuku yake hadi 1966, na hadi leo kuna kaunti ambako kuuza pombe ni haramu.

Mnamo Juni 1935, katika jimbo lile lile la Ohio, wanaume wawili walioteswa na ulevi walikutana mjini Akron na kuanza kusaidiana kuacha. Chama walichoanzisha, Alcoholics Anonymous, kimeenea kote duniani, Kenya ikiwemo. Mbinu yake, mlevi kumsaidia mlevi mwenzake, ni ile waliyoijaribu wanywaji sita wa Baltimore mnamo 1840.

Funzo lililo karibu

Msomaji wa Kenya hatakosa kuyatambua haya. Sheria ya kupiga marufuku chang'aa ilipitishwa mnamo 1980, lakini kinywaji hicho kikaendelea kupikwa kando ya mito na vichochoroni. Mnamo Novemba 2000, zaidi ya watu 100 walifariki mitaani Nairobi baada ya kunywa pombe iliyotiwa methanoli, na wengine wakapofuka. Mnamo 2010, sheria mpya iliyofahamika kama Sheria ya Mututho iliondoa marufuku hiyo, ikaweka leseni, viwango na saa za kufungua baa. Hata hivyo, mnamo 2014 pombe yenye sumu iliua makumi ya watu katika kaunti kadhaa. Aidha, wanawake wa eneo la Kati wameandamana mara kwa mara kulalamikia waume na wana wao kugeuzwa mahame na pombe.

Kilio chao hakitofautiani na kile cha Hillsboro. Historia ya Marekani inaonyesha kuwa kilio hicho kilikuwa cha haki tangu siku ya kwanza. Inaonyesha pia kuwa sheria isiyotekelezwa humtajirisha afisa fisadi na mpishi wa sumu, ilhali sheria inayomdhibiti mwuzaji, pamoja na msaada kwa anayetaka kuacha, huokoa maisha, japo polepole.

Eliza Thompson alifariki mnamo 1905, kabla ya marufuku kuja na kuondoka. Alichokuwa amemwomba mwenye baa siku ile hakikuwa sheria wala katiba. Alimwomba afunge mlango ili wanaume warudi nyumbani.